Siku Tuliposimamisha Meli Ili Tuisalimu

Jamaa zangu wa Voi, na hasa ninyi tuliosoma pamoja darasa la ngumbaru, tumekaa kwenye madawati ya watoto mpaka magoti yanagonga videvu: nimechoka kusimamishwa sokoni. Kila nikienda kununua sukari naulizwa, "Mwakio, ni kweli wewe na mkeo mlisimamisha meli katikati ya bahari?" Ni kweli. Habari hiyo ilitutangulia kurudi, na kila aliyeipokea akaitia chumvi yake, mpaka nasikia kule stesheni wanasema niliishika meli kwa kamba. Kamba haikuwapo. Hadithi ni yangu, na chumvi nitaitia mwenyewe.

Habari za pasi, mihuri na foleni naziruka. Sijaona mtu aliyechekeshwa na foleni.

Voi mpaka Maungu

Bwana Stavro mnamkumbuka, yule Mgiriki mzee aliyekuwa fundi wa mitambo kwenye mkonge. Alipostaafu, na mkewe akafariki, alianza kuunda mashua ya chuma nyuma ya nyumba yake hapa Voi, mahali ambapo hata maji ya kuoga ni ya kubembeleza. Mimi ndiye niliyemchomea welding. Watu walipita wakitucheka, wakaipa jina la Safina. Walisema wanyama tunao tele huko Tsavo, kilichobaki ni gharika tu.

Na mimi mnanijua. Miguu yangu haijui kukaa. Mwalimu wetu wa usiku alipotuletea lile tufe na kusema dunia ni mviringo, ninyi mliandika. Mimi niliona mbali zaidi: kumbe mtu akienda sana, mwisho atatokea kwao. Basi ubaya wa kuondoka uko wapi?

Aliyekuwa akilipia miguu hiyo ni mke wangu Wakesho, Mama Mghoi. Nilimtoa kwao Rukanga, chini ya mlima Kasigau, nikampeleka Mwatate. Kutoka Mwatate nikamhamishia Kishushe, nilikokwenda kutafuta vito nikapata vumbi la kutosha kujenga kanisa. Kutoka Kishushe tukaenda Taveta, na kutoka Taveta tukarudi hapa Mraru, kando ya barabara. Kila tulipofika alipanda mbegu ya parachichi kutoka milimani, akaimwagilia mpaka ikawa mti, kisha tukahama. Hajala tunda lake hata moja. Mti wa Kishushe uliliwa na mbuzi. Wa Taveta nasikia unazaa hadi matawi yanavunjika, wanakula wapangaji.

Nilipomwambia kwamba Bwana Stavro ananitaka niende naye Shelisheli kwa Safina, alikuwa akisugua sufuria. Hakuinua kichwa.

"Utarudi?"

Nilimwapia kwa kanisa, kwa kaburi la mama na kwa mashine ya welding, yote kabla hajamaliza kuuliza.

"Basi na mimi nakuja," akasema. "Sitaki kuja kuambiwa na watu. Lakini nisikie, Baba Mghoi. Hii ndiyo ya mwisho. Tukifika huko ukasema twende mbele, mimi nageuka peke yangu nakwenda Rukanga kwa mama. Na huu mti wa Mraru utaumwagilia mwenyewe, au ukauke."

Mti tulimwachia binti yetu Mghoi, aliyeolewa Mwatate. Awe anakuja na debe lake.

Safina ilipakiwa juu ya lori refu. Tulikuwa hatujafika mbali, hapo karibu na Maungu, ndovu wakasimama barabarani. Nisiseme walikuwa wangapi, mtasema naongeza, lakini barabara haikuonekana rangi yake. Wakaiangalia mashua, mashua ikawaangalia. Dereva akazima injini, tukakaa pale jua linapanda.

Mama mmoja aliyekuwa na birika la chai na mandazi akatujia, akaizunguka Safina yote kwa utulivu.

"Hii mnaipeleka wapi?"

"Baharini," nikasema.

"Bahari iko huko mbele. Na nyinyi tangu asubuhi mko hapa. Ama mnangoja ije?"

Nikanunua mandazi. Ndovu walipoondoka, Wakesho alikuwa ameshaujua ukoo wa yule mama mpaka kwa mabibi zake, na yule mama ameshaujua wetu. Hivyo ndivyo alivyo. Kwake, kumpita mtu bila salamu ni kama kumwibia.

Kilindini mpaka pale pasipo na jina

Bahari kutoka ufukweni ni jambo moja. Kutoka juu yake ni jambo lingine kabisa. Mimi fundi, niliyeichoma kila pembe ya chuma kile, nilitapika mpaka nikatapika pilau ya harusi yetu. Wakesho hakutapika hata mate. Aliniambia mtu aliyepandisha mtungi wa maji Kasigau tangu utotoni, njia ikiwa mawe matupu, hatishwi na sakafu inayocheza. Bwana Stavro akamfundisha usukani. Kabla sijaweza kusimama vizuri, mke wangu alikuwa akiiendesha Safina huku akimenya mihogo.

Chakula kilitugombanisha kidogo. Bwana Stavro alikuwa na mikebe ya matunda yake madogo meusi yaliyolowekwa chumvi. Nilidhani ni zambarau zilizooza, na kwa wema wangu nikamwaga mkebe mzima baharini ili asije akaumwa tumbo. Alizungumza Kigiriki mpaka adhuhuri. Naye kwa upande wake alikikuta kimanga cha Wakesho, maharagwe na mihogo iliyopondwa pamoja, akadhani ni dawa ya kuziba nyufa, na kipande akakibandika penye tundu la msumari kwenye mlango wa mbao. Wallahi kilishika.

Siku nyingine samaki mwenye mabawa aliruka akaanguka ndani. Wakesho akamkagua.

"Huyu ni samaki au ni ndege?"

"Ni samaki, mama," akasema Bwana Stavro.

"Basi achague kwanza, ndio nimpike," akasema, akamrudisha majini.

Kisha upepo ukafa. Shwari, jamani, shwari sio mchezo. Bahari ililala kama bati. Matanga yalining'inia kama nguo za mgonjwa. Siku ikapita, nyingine ikaja, tukawa palepale, na hapo ndipo miguu yangu ilipoanza wazimu. Mashua haina njia. Nilitembea kutoka mlingoti mpaka usukani, kutoka usukani mpaka mlingoti, asubuhi hadi jua kutua. Kwa hesabu yangu nilifika Nairobi na kurudi. Bwana Stavro alinisihi nikae chini kabla sijatoboa chuma.

Nilijaribu. Nikikaa, kidole cha mguu kinacheza. Nikikishika kidole, goti linacheza. Mtu niliyehama kila nilipoichoka njia, sasa nilikuwa mahali ambapo kila upande ni njia na hakuna pa kukanyaga.

Mchana mmoja Bwana Stavro alitandaza ramani tupate la kufanya. Akaweka kidole Mahe, kisiwa tulichokuwa tukikiendea.

"Watu wanafikiri hapa ndio mwisho," akasema. "Mimi nasema ni mahali pa kujaza maji. Tunajaza, tunaenda Seiloni, kule karibu na Bara Hindi."

Mkijua nilivyokuwa, msinilaumu. "Na baada ya Seiloni?" nikauliza.

"Baada ya Seiloni, Mwakio, dunia yote."

Nilikuwa tayari nimeinama juu ya ramani, mkono wangu umefika Australia, niliposikia kimya. Mwiko uliokuwa ukikoroga sufuria kule chini ulikuwa umesimama.

 Wakesho alipakua, akanipa sahani, akaenda zake. Hakuniuliza kama kimetosha. Mwanamke wa Rukanga akikupa chakula bila kukuuliza kama kimetosha, jua umeharibu mahali.

Meli

Siku ya pili yake, alasiri, Bwana Stavro amelala ndani, Wakesho ameshika usukani usio na kazi, na mimi niko njiani kati ya mlingoti na yeye, tukaiona. Wakati ule mfereji wa Suez ulikuwa umefungwa na meli zilikuwa nyingi huku kwetu, lakini sisi tulikuwa hatujaona hata moja. Ilikuwa ndefu kama kutoka stesheni ya Voi mpaka sokoni, na juu kama milima ya Sagala. Ilikuwa inatupita mbali, haina habari nasi.

"Baba Mghoi," akasema Wakesho. Ndiyo maneno yake ya kwanza tangu jana. "Wale ni watu."

"Ni watu."

"Na wanapita hivi hivi?"

Ninyi wa milimani mnajua alichokuwa akisema. Kwetu mtu akionekana ng'ambo ya bonde humwachi. Unampigia ukelele wa salamu, naye anatua mzigo, anakuuliza watoto, ng'ombe, mvua. Ukimwacha apite kimya, kesho ukoo wake wote utajua mna neno. Wakesho akafungua kanga akaipunga. Mimi nikapiga ukelele ambao watu wa Mbololo kule nyumbani wangeusikia. Meli ikaendelea na safari.

Na mimi, nikitaka mke wangu acheke, nikakumbuka fataki. Bwana Stavro alikuwa amenionyesha kisanduku chake, akasema, "Hizi ni za kutufanya tuonekane na meli. Usizichezee." Sikuchezea. Nilitaka tuonekane na meli. Nikafyatua moja, ikapanda nyekundu mpaka kwa Mungu. Nikaona ya pili itapendeza zaidi.

Ile meli ikageuka.

Kugeuka kwake kulichukua muda wa kupika githeri ya mahindi makavu. Ilipofika karibu ilizima jua, na Bwana Stavro akatoka ndani na chupi, akaona ukuta wa chuma mbele yake, akaona kisanduku mkononi mwangu. Akakaa chini taratibu, kama mtu aliyepokea habari za msiba.

Juu kabisa alichungulia baharia, kijana wa Mombasa, baadaye alituambia anaitwa Omari.

"Mna mgonjwa?"

"Hatuna," nikasema.

"Maji yamekwisha?"

"Yapo."

"Chombo chavuja?"

"Nimekichoma mwenyewe. Hakivuji."

"Sasa mwataka nini?"

"Tunawasalimu tu. Hamjambo huko juu?"

Omari alitazama kulia, akatazama kushoto, akashusha sauti. "Mzee wangu, hii haisimami kama baiskeli. Nahodha akijua umemrudisha kwa ajili ya hamjambo, atakushusha huko chini ukawasalimu papa."

"Lakini hujajibu, mwanangu," akasema Wakesho. "Hamjambo?"

"Hatujambo, mama."

"Na watoto?"

Yule kijana akainama zaidi ukingoni. "Ninaye mmoja. Sijamwona tangu Ramadhani."

"Mungu atamkuza. Jina lake nani?"

Kabla hajajibu, nahodha alianza kufoka huko nyuma. Omari akageuka akamjibu Kiingereza, na kwa kile cha ngumbaru nikapata maneno mawili: mwanamke, mgonjwa. Akarudi kwetu haraka. "Nimewaokoa. Nimemwambia mama hajiwezi. Sasa nanyi msiniangushe, mama ajilaze kidogo."

Wakesho alikuwa bado hajajilaza wakati ngazi ya kamba ilipoteremka. Nahodha, Mungu ambariki, alikuwa ameamuru mgonjwa apandishwe, apelekwe hospitali.

"Hii meli inakwenda wapi?" akauliza Wakesho.

"Mombasa, mama. Yatoka Bombay."

Akasimama. Akajifunga kanga upya, kwa nguvu, kama anavyofanya akienda safari. Ngazi ilikuwa inagonga ubavu wa Safina, ngo, ngo, kwenye chuma nilichochoma kwa mkono wangu. Kati yake na ngazi palikuwa na hatua moja. Baada ya ngazi kulikuwa na Mombasa, na treni, na Rukanga kwa mama yake, na mimi nikiwa Seiloni.

"Baba Mghoi."

"Naam."

"Tukifika huko, utarudi?"

Kinywa kilifunguka chenyewe. Kanisa lilikuwa limeshafika mdomoni, na kaburi la mama liko nyuma yake linasubiri zamu. Nikamwangalia. Alikuwa amechoka, na hakuwa amekasirika hata kidogo. Angekuwa amekasirika ningeapa.

"Sijui," nikasema.

Bwana Stavro aliinua kichwa. Hata Omari kule juu alitulia.

"Hujui."

"Sijui, Mama Mghoi. Nataka kurudi, na nataka kwenda. Yote mawili."

Alinitazama mpaka nikaona aibu ya kusimama.

"Tangu unioe," akasema, "hujawahi kunijibu polepole. Kila siku unaniapia sijamaliza kuuliza, kisha tunafunga mizigo. Leo ndiyo mara ya kwanza umenijibu." Akarudi akaketi penye usukani. "Vuta ngazi yako, mwanangu. Nimepona."

"Umepona?" akauliza Omari kwa unyonge.

"Mwambie nahodha nimepona, na namshukuru. Na ukishuka Mombasa, ukimwona mtu wa Voi, mwambie Mghoi wa Mwatate amwagilie mti."

Sijui Omari alimwambia nini nahodha. Nilichoona ni kofia ikipigwa chini. Lakini kabla ya kuondoka walitushushia kapu la vitunguu na mikate ya boflo, na ile meli ilipoanza kwenda ilipiga honi mara moja, honi ya kutetemesha meno. Wakesho akasema, "Unaona, kumbe wanajua kuitikia."

Bwana Stavro alivaa suruali, akala mkate, na hakusema nami mpaka upepo uliporudi.

Mahe

Mahe ni Wundanyi iliyoachiliwa ikaangukia baharini: milima, ukungu, mawe makubwa kama nyumba. Tulipokanyaga nchi kavu, nchi ikayumba. Mimi nilianguka mbele ya watu, nikasema nasujudu.

Wenyeji lugha yao si Kiswahili wala si Kiingereza, lakini Wakesho hilo halikumzuia. Aliwasalimu wote kwa Kidawida chetu, nao walimjibu kwa kwao. Mama mmoja mwenye nyumba karibu na gati alitukaribisha, akatupa shelisheli la kuchoma na kari ya samaki. Samaki huyo hakuwa na mabawa, kwa hiyo akaliwa.

Nami nikatembea. Lo, nilitembea. Nilikizunguka kisiwa kile mpaka mbwa wakaacha kunibwekea. Kila kona nilijiambia nikifika pale nitatosheka, na kila nilipofika pale palikuwa na kona nyingine. Wakesho hakuniuliza tena. Alifua, akakausha, akafunga furushi lake, akaliweka mlangoni. Meli ya abiria ya kwenda Mombasa ilikuwa karibu kufika, na kila mtu pale gatini alikuwa akiisema.

Nikaenda kwa Bwana Stavro. Alikuwa amekaa ndani ya Safina akitia tanga kiraka, miwani puani.

"Maji yamejaa," akasema bila kuinua macho. "Seiloni inatungoja. Umezungumza na mama?"

Nikakaa karibu naye. Goti langu likaanza kucheza, nikaliacha. Sijui kwa nini nilimuuliza swali ambalo sikuwa nimelipanga.

"Bwana Stavro, na wewe je, utarudi Voi?"

Sindano ikasimama.

"Kwa nani?" akasema.

Basi hayo tu. Hakuyasema kwa huzuni, aliyasema kama mtu anayekuuliza saa. Kisha akaendelea kushona. Nilikaa pale mpaka kiraka kikaisha. Nikamshika mkono, nikamwambia kwamba ile welding ya mkuku, kule chini kabisa ya mashua, aiangalie kila akipata bandari, na yeye akaelewa. Alinipa mkebe mmoja wa zile zambarau zake. Baadaye nilisikia alipata baharia wa palepale, kijana asiye na mke.

Nilipofika kwa yule mwenyeji wetu, Wakesho alikuwa ameketi kizingitini, miguu imenyooka mbele, anangoja. Nililichukua furushi lake nikaliweka juu ya langu, nikayafunga pamoja kwa kamba moja.

"Kaza," akasema. "Hapo patafunguka."

Mombasa mpaka Mraru

Kurudi hakukuwa na kisa. Meli ya abiria inakwenda kama basi, watu wanacheza karata, na hakuna anayekuruhusu kugusa usukani. Wakesho alimwambia baharia mmoja kwamba anakwenda kombo. Nadhani alikuwa anasema kweli.

Voi tulipokelewa na hadithi yetu wenyewe. Omari alikuwa amemwambia mpishi wa treni, mpishi akamwambia mtu wa signali, na yule wa signali mnamjua. Lakini katikati ya uongo wote ule lile neno lilikuwa limefika zima: Mghoi alimwagilia mti. Tuliukuta Mraru ukiwa umenipita kimo.

Tangu hapo niko hapa. Msidhani miguu imepona. Jana nilijikuta nikitembea kutoka mti mpaka lango na kurudi, na nilipopima kwa macho, ni urefu wa Safina kamili.

Leo asubuhi lori la mafuta lilikuwa linapita kwenda Taveta. Wakesho alikuwa kando ya barabara, akaipunga kanga. Likasimama kwa vumbi jingi, na dereva akatoa kichwa.

"Mna nini, mama? Kuna mgonjwa?"

"Hatuna kitu," akasema. "Tunasalimu. Hujambo?"

Dereva alicheka, akazima injini, akashuka kunywa chai. Alikuwa mtu wa maneno. Akasema anafika Taveta, anavuka mpaka, anaingia Moshi, na huko mbele kuna barabara mpya ambayo bado hajaona mwisho wake. Akasema turniboi wake hakuja, kiti kiko wazi.

Miguu yangu ilisimama yenyewe. Wakesho alikuwa na birika mkononi. Hakuniuliza chochote. Alimimina chai mpaka kikombe kikajaa.

Nilichukua debe nikaenda kuchota maji. Nilipokuwa nimeinama chini ya mti, naona maua madogo ya kijani yaliyokuwa hayapo juzi, nilimsikia dereva akiuliza kama mzee anakwenda ama haendi.

"Nenda salama, mwanangu," akasema Wakesho. "Huyu ana mti."